Ganda la ndizi na nyumba isiyo na ukuta wa mbele: kisa cha filamu ambayo Buster Keaton aliifungia kabatini

Jamaa mmoja amejibanza kwenye kona ya jengo, mkononi ana ndizi. Anaila, ganda analitupa chini, njiani mwa kijana mwenye kofia bapa anayekuja bila habari. Yeyote aliyewahi kukaa mbele ya kichekesho anajua kinachofuata. Kijana anafika, anapita, hatelezi. Anatugeukia sisi watazamaji, anapishanisha viganja mbele ya pua, vidole vimetanuka kama mabawa, kisha anaendelea na safari yake.

Ile ni ishara ya siri ya Blinking Buzzards, yaani Tumbusi Wapepesa-Macho, genge la wahalifu lililojipa kiapo, jina na salamu kama chama. Filamu yenyewe inaitwa The "High Sign". Ni ya dakika 20 na ushei, haina sauti, na ndiyo ya kwanza Buster Keaton, mchekeshaji wa Marekani wa enzi ya filamu bubu, kuisimamia kama bwana wa studio yake, akiandika na kuongoza pamoja na Eddie Cline. Aliipiga mwanzoni mwa 1920. Ilipokamilika hakuridhika nayo, akaomba isitolewe. Ikakaa zaidi ya mwaka. Ilipokuja kutoka, Aprili 1921, mwenyewe hakuwa amebadili mawazo: alikuwa amevunjika kifundo cha mguu, na kampuni ilihitaji kitu cha kupeleka kwenye majumba ya sinema.

Uamuzi ule unanigusa sana, kwa sababu ni nadra kumwona fundi akitazama kazi yake ya kwanza, kazi inayochekesha kweli, halafu akasema bado. Nataka kuuchambua polepole: aliona nini? Na je, alichokiona ndicho kilichokuwa na kasoro?

Kwanza mazingira. Keaton alizaliwa 1895 Piqua, Kansas, akakulia jukwaani na wazazi wake katika kundi la The Three Keatons, ambako kazi yake ilikuwa kurushwa na baba huku na huko bila kucheka. Mwaka 1917 aliingia sinema kupitia Roscoe Arbuckle, mchekeshaji mnene aliyekuwa miongoni mwa nyota wakubwa wa Marekani. Kwa Arbuckle alijifunza kamera inavyofanya kazi. Arbuckle alipohamia filamu ndefu za kampuni ya Paramount, mtayarishaji Joseph Schenck alimpa Keaton timu yake na studio huko Hollywood, ile iliyokuwa ikitumiwa na Charlie Chaplin zamani. Kampuni ya Metro ndiyo iliyokuwa msambazaji. Kijana wa miaka 24 alikabidhiwa funguo, na filamu ya kwanza ndiyo ingetangaza yeye ni nani sasa baada ya kuwa msaidizi wa mtu.

Akaja na hadithi hii. Kijana asiye na kwao anatupwa kutoka kwenye treni, anaangukia mji wa starehe kando ya bahari. Analipora gazeti la mtu aliye kwenye bembea ya kuzunguka, anakaa benchini kulisoma, analikunjua, linakuwa kubwa, analikunjua tena, linakuwa kubwa zaidi, hadi linammeza. Ndani yake mna tangazo: banda la kulenga shabaha linatafuta mfanyakazi hodari wa bunduki. Yeye si hodari. Anachomoa bastola ya polisi kwenye ala na kumwachia ndizi, anakwenda ufukweni kujifunza, akilenga chupa hii inavunjika ile. Kwenye banda anachora ndoano ukutani kwa rangi, halafu anatundika kofia yake kwenye ile ndoano iliyochorwa, na kofia inakaa.

Mwenye banda, jitu linaloitwa Tiny Tim, anataka kusikia kengele ikilia kwa kila risasi. Kijana anamfunga mbwa kwa kamba iliyounganishwa na kengele, ananing'iniza kipande cha nyama mbele yake, na kukichezesha kwa mguu. Kila akifyatua, mbwa anaruka, kengele inalia. Mambo yanakwenda vizuri mpaka paka apite.

Sifa za mlenga shabaha huyu zinafika mahali pawili. Bahili wa mji, August Nickelnurser, jina linalomaanisha mtu anayelea senti zake kama watoto, amepokea barua: toa dola 10,000 au ufe. Anamwajiri kijana awe mlinzi wake. Tiny Tim naye, ambaye kumbe ndiye mkuu wa Tumbusi, anamshusha kwenye maficho yao, anamwapisha, na kumpa kazi ya kumuua Nickelnurser. Mchawi mpe mwana akulelee, Waswahili tunasema, lakini hapa mchawi mwenyewe hajui aape upande gani, na binti wa bahili ameshaanza kumwangalia kwa jicho la huruma.

Halafu inakuja nyumba. Nickelnurser ameijaza milango ya siri, sakafuni na ukutani, ili awakwepe wauaji. Tumbusi wanapovamia, Keaton anarudisha kamera nyuma na kuondoa ukuta wa mbele wa nyumba nzima. Tunaona vyumba vinne kwa mpigo mmoja, viwili juu na viwili chini, kama kabati lililofunguliwa. Kijana anatumbukia sakafuni chumba cha juu, anaibukia cha chini, anapenya ukutani, anapanda, anashuka, na wauaji nyuma yake wanazama mmoja mmoja kwenye matundu. Hakuna kukatakata picha ili kutudanganya. Kila kitu kiko mbele ya macho, na mwendo wake ni kama saa iliyofunguliwa mgongo ukatazama magurudumu yanavyosukumana.

Hizo dakika za mwisho zingetosha kumtangaza mtu yeyote. Kwa nini basi alizifungia?

Jibu langu linaanzia kwenye lile ganda la ndizi. Mzaha wowote una watu watatu: anayeufanya, anayefanyiwa, na anayetazama. Utamu unategemea yule wa tatu amesimama wapi. Akiwa upande wa mfanyaji, anajua siri, anasubiri, anabana kicheko mpaka kinapasuka. Akiwa upande wa anayefanyiwa, anashtuka. Mshtuko huo unaweza kumfurahisha mara moja, lakini ukirudiwa anaanza kuhisi kwamba yeye ndiye anayeingizwa mjini. Nusu ya kwanza ya The "High Sign" inamweka mtazamaji upande huo wa pili karibu muda wote. Gazeti lisiloisha, ndoano ya rangi inayoshika kofia: hatukuambiwa, tumeshtukizwa. Ganda la ndizi ndilo kilele. Mchekeshaji ametusomea mawazo, ametunyima tulichosubiri, kisha ametupungia ishara ya genge kana kwamba anasema nimewashinda. Ni akili kubwa. Kicheko chake, hata hivyo, ni kidogo kuliko akili iliyotumika, kwa sababu tumekopwa na hatukulipwa.

Nyumba inafanya kinyume kabisa. Kwa kuondoa ukuta, Keaton anatuapisha sisi kwenye chama. Tunajua tundu liko wapi kabla muuaji hajalikanyaga. Siri ni yetu, na wajinga ni wao.

Kwa hiyo filamu moja ina wachekeshaji wawili, mmoja anayeshindana na watazamaji na mwingine anayewakaribisha ndani. Nadhani hicho ndicho kilichomkera fundi. Kicheko kipo, nia ya filamu ndiyo haijaamua inamcheka nani. Mbwa na kengele wako katikati, na si ajabu kwamba ndio kipande kinachochekesha kuliko vyote vya nusu ile, maana hapo kamba tunaiona, nyama tunaiona, mguu wa Keaton tunauona. Asiyeona ni Tiny Tim peke yake.

Hapa inafaa tutoke kidogo kwenye filamu, kwa sababu vyama vya siri vya aina hii havikuwa ndoto ya mwandishi. Marekani ya wakati ule ilijaa vyama vyenye viapo, salamu za mkono na maneno ya siri: Freemasons, Odd Fellows, Elks, Modern Woodmen na vingine vingi. Mfanyakazi wa benki, muuza nyama, daktari wa mji mdogo, wote walikuwa na usiku wao wa mkutano. Na sehemu kubwa ya usiku huo ilikuwa mizaha. Katika mji wa Greenville, Illinois, kulikuwa na kiwanda cha ndugu wa DeMoulin, kilichoanzishwa 1892 na Ed DeMoulin, na bidhaa zake zilikuwa vyombo vya kumtesa mwanachama mpya kwa kicheko: mbuzi wa kupanda mwenye magurudumu anayeruka na kuyumba, viti vinavyoporomoka ukikalia, vifaa vya kurusha umeme kidogo, vibao vinavyolipuka baruti unapochapwa. Walitoa katalogi zenye picha. Mwari aliyekuwa akiingizwa alifungwa kitambaa machoni, akapandishwa mbuzi, na ukumbi mzima ukacheka kwa sababu ukumbi mzima ulijua.

Upande wa giza nao ulikuwepo. Tangu mwanzoni mwa karne ile, katika miji kama New York, wahalifu walituma barua za vitisho kwa jina la Mano Nera, Mkono Mweusi: lipa au ufe. Mwimbaji Enrico Caruso alipokea ya kwake 1910. Joseph Petrosino, afisa wa polisi wa New York aliyepambana nao, aliuawa kwa risasi Palermo Machi 1909. Mtazamaji wa 1921 alipoona barua ya Nickelnurser hakuhitaji kuelezwa. Keaton aliviunganisha vitu viwili ambavyo watu wake walivijua: barua iliyowatisha na salamu ya chama iliyowachekesha. Genge la wauaji linalosalimiana kwa kupepea vidole puani ni Mkono Mweusi uliovalishwa mavazi ya ukumbi wa mbuzi wa DeMoulin. Na nyumba yenye sakafu zinazofunguka inafanana sana na ukumbi wa kumwingizia mwanachama, ila safari hii wanaofungwa macho ni wanachama wenyewe.

Keaton aliijua mizaha ya aina hiyo kwa mikono yake pia. Yeye na Arbuckle walikuwa, nje ya kamera, chama cha watu wawili. Kisa alichokisimulia mwenyewe baadaye ni cha chakula cha usiku nyumbani kwa Arbuckle, mgeni wa heshima akiwa Adolph Zukor, mkuu wa Paramount. Keaton alivaa kama mtumishi wa mezani na kuharibu kila kitu: aliwatangulia wanaume badala ya wanawake katika kugawa chakula, akaangusha vyombo kule jikoni, akamwangusha bata mzinga aliyeokwa mbele ya macho ya wageni, Arbuckle akijifanya kupandwa na hasira zaidi na zaidi. Wengine mezani walijua. Zukor hakujua. Kipimeni kisa hicho kwa kipimo kile cha watu watatu, mtaona kwa nini kilidumu midomoni mwa Hollywood kwa miaka: meza nzima ilikuwa ukumbi, na mwari alikuwa mmoja tu.

Basi mtu aliyeelewa hivyo mezani alihitaji muda kidogo kuelewa hivyo kwenye filamu. Alipoifungia The "High Sign" alikwenda kuigiza katika filamu ndefu ya Metro, The Saphead, kisha akarudi studio kwake na kupiga One Week, iliyotoka Septemba 1920. Hiyo ndiyo dunia iliyoiona kama kazi yake ya kwanza, na bado inahesabiwa miongoni mwa filamu fupi bora za wakati ule.

Itazameni kwa jicho la kisa chetu. One Week inaanza na mzaha. Bwana na bibi harusi wamepewa nyumba ya kujijengea, vipande vimo kwenye makasha yenye namba. Mchumba aliyekataliwa anakuja kwa siri na kubadilisha namba. Sisi tunamwona akifanya hivyo. Kuanzia hapo kila msumari unaopigwa una siri ndani yake, na siri hiyo tunayo sisi. Nyumba inakuwa na umbo la ajabu, mlango uko juu angani, upepo unaizungusha kama pia. Keaton amechukua nyumba iliyokuwa mwishoni mwa filamu aliyoificha na kuifanya filamu nzima. Hiyo ni tafsiri yangu, lakini ukizitazama mbili hizo usiku mmoja, ni vigumu kuona vinginevyo.

Na mwishoni mwa One Week analirudia lile kosa la ndizi, safari hii akiwa amelitibu. Nyumba imekwama kwenye reli, treni inakuja, wawili wale wanajifunika macho. Treni inapita pembeni, kumbe iko kwenye reli nyingine. Tumenyimwa tulichosubiri, kama kwenye ganda. Tunashusha pumzi pamoja nao, na kabla pumzi haijaisha treni nyingine inatokea upande wa pili na kuisambaratisha nyumba. Deni limelipwa na riba. Hapa ndipo naona faida yote ya kuifungia ile filamu ya kwanza. Keaton hakuacha kuwalaghai watazamaji, wala asingeweza, maana ndiyo damu yake. Alijifunza kwamba ukimkopa mtu kicheko, umrudishie palepale.

Filamu zilizofuata zinathibitisha mwelekeo. Katika The Scarecrow, iliyotoka mwishoni mwa 1920, wanaume wawili wanaishi chumba kimoja ambamo kila kitu ni vitu viwili: santuri ni jiko, beseni la kuogea ni kochi, chumvi na pilipili vinaning'inia kwa kamba juu ya meza na kuvutwa kama pendulo. Tunaziona kamba zote. Katika The Haunted House ya Februari 1921, genge la watengeneza pesa bandia limetega nyumba ili ionekane ina mashetani, lina watu wenye mashuka na ngazi inayogeuka kuwa mteremko. Hao ndio Tumbusi waliokomaa, chama cha siri kinachoishi kwa mizaha, na tunaonyeshwa mapema nani yuko chini ya shuka.

Kisha ajali. Mwanzoni mwa 1921 Keaton alikuwa akipiga The Electric House, tena nyumba ya mitego, safari hii ya umeme, yenye ngazi inayotembea. Kiatu chake kilinaswa kwenye ngazi hiyo na kifundo cha mguu kikavunjika. Kazi ikasimama, picha zilizokuwa zimepigwa zikaachwa. Metro walikuwa wakipokea filamu kutoka kwake karibu kila mwezi. Pengo lisingeweza kujazwa na mtu mwenye mguu kwenye plasta. Kabatini kulikuwa na moja tu iliyokamilika. Nyumba ya mitego ikamvunja mguu, na kwa kumvunja ikaitoa nje nyumba ya mitego ya kwanza.

Je, alipaswa kuiacha kabatini hata hivyo? Hapana, na nashukuru hakuwa na la kufanya. Kosa lake, kama naweza kumwita fundi mkubwa namna hiyo mkosaji, ni kuihukumu filamu nzima kwa nusu yake. Alikuwa sahihi kwamba isingefaa kumtambulisha. Mtu aliyekutana naye kwa mara ya kwanza kupitia mwizi wa magazeti anayejigamba mbele ya kamera asingempenda kama alivyopendwa yule bwana harusi mwenye nyundo. Iliposhika nafasi ya saba kwenye orodha ya filamu fupi za studio yake zilizotoka, watu walikuwa wameshamjua, na ishara ile ya vidole ikawa salamu kutoka kwa rafiki badala ya dhihaka kutoka kwa mgeni. Ganda ni lilelile. Aliyebadilika ni anayelitazama.

Kuhusu gazeti na ndoano ya rangi, yeye mwenyewe alitoa hukumu baadaye. Alipoingia filamu ndefu 1923 aliachana na mizaha isiyowezekana, ile ya aina ya katuni, akisema hadithi ndefu inahitaji watazamaji waamini kinachotokea. Nafikiri aliwaonea kidogo. Ile kofia inayokaa kwenye ndoano ya rangi ni ya sekunde chache tu, na kila nikiiona naipenda upya. Lakini ni kweli haijengi chochote juu yake.

Hakimiliki ya filamu hii Marekani imeshakwisha, kwa hiyo haimgharimu mtu kuitafuta na kuitazama. Ukiitazama, usihangaike na vibao vya maandishi kama Kiingereza kinakusumbua. Nusu ya pili haivihitaji kabisa. Kaa tu usubiri ukuta uondoke.

Na ukipata nafasi, tazama pia The Electric House yenyewe. Keaton alipopona aliirudia tangu mwanzo, ikatoka 1922. Anaigiza mtaalamu wa mimea anayedhaniwa kuwa mhandisi wa umeme na kupewa nyumba ya tajiri aitie mitambo. Ngazi ipo palepale, inapanda na kushuka kwa swichi. Mhandisi wa kweli, aliyenyimwa kazi kwa makosa, anajipenyeza kwenye chumba cha mitambo na kuanza kuzivuruga nyaya, moja baada ya nyingine. Ndani ya nyumba hakuna anayejua. Kamera inatupeleka kwake kwanza, tunamwona akiushika waya, halafu inaturudisha chini ya ngazi, ambako Keaton ameshainua mguu.